Laki sita, simu moja na magunia ya Isongole: nianzie wapi?

"Shikamoo. Nina miaka 24, naishi Uyole, Mbeya. Nimeandika filamu fupi ya dakika 25 kuhusu mama mjane anayelima viazi kule Isongole. Mume amefariki, mtoto mmoja anaumwa, mwingine anaacha shule akapakie magunia kwenye Fuso, mwishoni mama mwenyewe anaanguka shambani mvua ikinyesha. Niliwasomea wenzangu watatu. Wawili walisema inasikitisha sana, mmoja akasema ameshaiona mara mia. Nina simu nzuri na laki sita nilizojibana mwaka mzima. Rafiki yangu wa Dar ananiambia bila kamera ya 4K nisijisumbue, hela yote niiweke huko. Mwingine anasema shida haziuzi, wanaozipenda ni wazungu tu. Nilijaribu kupiga kipande sokoni: picha safi, sauti upepo mtupu, na watu wakaanza kunizomea. Kibali nahitaji? Watu niwalipe? Nianzie wapi?"

Marahaba. Umeuliza mambo matano kwa pamoja, lakini linalokuuma hasa, nikisoma vizuri, ni yule rafiki wa tatu. Wawili wamekusifia, yeye amekuambia ameiona mara mia, na unahofu kwamba amesema kweli. Nadhani amesema kweli. Kamera, kibali na malipo vyote vina majibu mafupi, nitayafikia. Hadithi ndiyo ya kukaa nayo kwanza.

Tazama ulivyoipanga. Kifo, ugonjwa, kuacha shule, kuanguka. Yote yanampata mama. Hakuna hata moja analolifanya. Mtazamaji akiona pigo la kwanza anaumia. La pili anaumia kidogo. Kufika la tatu ameshajua mchezo: kila mlango ukifunguliwa, linaingia balaa. Hapo anaacha kufuatilia na kuanza kusubiri iishe, na kosa si la moyo wake mgumu. Kinachomfanya mtu asogee mbele kwenye kiti ni kumwona mwenzake anachagua, hasa akichagua kati ya mawili ambayo yote yana hasara. Huruma peke yake haikai muda mrefu. Hesabu inakaa.

Nasema hesabu kwa makusudi, kwa sababu Isongole unayo hesabu tayari na kwenye muswada wako haimo. Ni lumbesa.

Unaijua, umekulia Uyole. Gunia la viazi mviringo linahesabiwa kuwa la kilo 100. Debe la lita 20 likijaa viazi ni kama kilo 13 hadi 14, kwa hiyo gunia halali ni madebe 7 hivi. Dalali anataka 9. Anashindilia, anatikisa, anaongeza, kisha juu kinafumwa kichwa cha kamba au kipande cha gunia jingine, kinashonwa kwa shazia, na bei ni ileile ya gunia moja. Tuseme bei ni 70,000. Kila debe halali ni 10,000. Madebe 2 ya juu ni 20,000 zilizoondoka bila mtu kupigwa wala kutukanwa. Sasa mwanzoni mwa filamu, muda mrefu kabla ya soko, mtoto aseme kwa sauti ya kawaida, akifunga viatu, kwamba mchango wa chakula shuleni ni 20,000 na mwisho ni Ijumaa. Usirudie tena. Mtazamaji atalibeba mwenyewe hadi gulioni.

Halafu piga gunia likijazwa. Debe la kwanza lionyeshe lote, kutoka kwenye rundo hadi ndani. Sikiliza sauti yake: viazi vikishuka kwenye gunia tupu vinadunda chini kwa kishindo, kadiri linavyojaa sauti inakuwa fupi na nzito. Ruka hadi la 6. La 7 lionyeshe lote, kisha mkono wa mama ukishika mdomo wa gunia kana kwamba anataka kulifunga. Dalali hasemi kitu, anasukuma debe kwa mguu. La 8 mama anajaza mwenyewe. La 9 anajaza dalali. Kamera isiende usoni mwa mama kutafuta chozi. Ibaki kwenye vidole vyake chini ya khanga, anahesabu. Anaweza kukataa, akabaki na viazi vinavyoanza kuchipua, au akakubali. Ndiyo filamu yako hiyo. Ugonjwa wa mtoto utoe, kifo cha mume kibaki kwenye koti moja la kiume analovaa mama asubuhi, na kuanguka kwenye mvua kutupe kabisa. Itashuka toka dakika 25 hadi 11 au 12, na utashangaa jinsi inavyojaa.

Njia hii ni ya zamani. Mwaka 1963 Ousmane Sembène wa Senegal alitengeneza Borom Sarret, filamu ya dakika kama 20 juu ya mwendesha mkokoteni wa farasi jijini Dakar. Ni siku moja ya kazi tu. Abiria hawalipi, yeye mwenyewe anampa pesa zake msifiaji anayeimba sifa za ukoo wake, na jioni askari anamnyang'anya mkokoteni. Kumpa pesa yule msifiaji ni ujinga, lakini ujinga tunaouelewa, na ni yeye aliyeuchagua. Sauti haikurekodiwa papo hapo, iliwekwa baadaye. Nakukumbusha hilo kwa sababu ya rafiki yako wa 4K.

Kuhusu yeye: anakosea mpangilio wa mahitaji. Simu ya miaka ya karibuni ikipiga 1080p (ubora wa chini ya 4K) vizuri inatosha ukumbini na inatosha kwenye matamasha mengi. Mtazamaji anavumilia picha yenye chembechembe, lakini sauti isiyosikika haivumilii hata dakika 2, kwa sababu akili inachoka kukisia maneno. Umeshaliona hilo kwenye kipande chako mwenyewe.

Upepo wa milima ya Uporoto hauzuiliki kwa programu baada ya kurekodi. Unapogonga maiki, unaisukuma ngozi yake ya ndani kwa nguvu kuliko sauti ya mtu, na maneno yaliyofunikwa hapo hayarudi. Dawa ni kuuzuia kabla haujafika. Nunua maiki 2 ndogo za waya za kubana kwenye nguo. Ifunike kila moja kwa sponji yake, halafu juu ya sponji weka manyoya, hata ya kukata kwenye kofia ya baridi ya mtumba. Mbandike mhusika upande wa ndani wa khanga au sweta, kama shibiri moja chini ya kidevu, na ufunge kitanzi kidogo cha waya chini ya maiki ili nguo ikivutika isikwaruze. Waya uingie kwenye simu nyingine, hata ya bei ndogo ya kuazima, iliyo mfukoni mwake, imewekwa hali ya ndege, inarekodi mfululizo. Kabla ya kila tukio piga kofi moja mbele ya kamera: kofi hilo ndilo utakalolitumia kulinganisha picha na sauti wakati wa kuhariri. Kiwango cha sauti kisipite desibeli 12 chini ya kilele, yaani pale sauti inapoanza kupasuka, maana mama wa sokoni akicheka ghafla utahitaji nafasi hiyo.

Kuna jambo moja wanaoanza hulisahau karibu wote. Kila mahali mkimaliza, kaeni kimya dakika 1 nzima na urekodi sauti ya mahali penyewe: Fuso kwa mbali, kunguru, mtu anaita sado. Bila hiyo kila unapokata kipande utasikia shimo. Dereva wa Fuso aliyeacha injini ikinguruma mwombe azime. Akikataa, piga picha pana bila maneno na maongezi yachukue pembeni baadaye. Na tukio la ndani ya nyumba ya bati usilipange msimu wa mvua. Mvua hupungua kati ya Juni na Oktoba. Fanyia kazi humo.

Picha nitaieleza kwa haraka. Weka fremu 25 kwa sekunde, ambazo zinakwenda na umeme wetu wa hezi 50 ili taa zisimeteme, na kasi ya shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga, 1/50 ya sekunde ukiwa ndani. Nje kwenye jua 1/50 itaunguza picha, hivyo ama ununue kichujio cheusi cha lenzi ama ukubali kasi kubwa zaidi. Funga mwanga na fokasi kabla ya kurekodi: gusa uso wa mhusika, shikilia mpaka simu ionyeshe imefunga. Usipofunga, ukungu wa Isongole utakuharibia, kwa sababu simu inaona weupe mwingi, inapunguza mwanga, na uso mweusi wa mama unageuka kivuli. Usivute picha kwa vidole; sogea kwa miguu. Jua la Mbeya linachelewa kwa saa zetu: Juni na Julai linatoka karibu saa moja asubuhi na linakaa upande wa kaskazini mchana kutwa, kwa hiyo mwanga mzuri wa pembeni unaupata hadi saa tatu, na tena baada ya saa kumi. Simu iliyotoka kwenye baridi ya alfajiri ukiiingiza jikoni kwenye mvuke wa sufuria, lenzi itapata ukungu. Ivingirishe kwenye kitenge, iache humo ndani dakika 10 hadi 15 ndipo uifungue.

Nafasi ya kuhifadhi: 1080p inakula kama megabaiti 60 hadi 150 kwa dakika kutegemea simu. Kwa filamu ya dakika 12 utarekodi dakika 100 hivi, yaani gigabaiti 15 za juu kabisa. Kila jioni nakili mara mbili, kwenye vifaa viwili vinavyolala nyumba mbili. Usimtumie mhariri vipande kwa WhatsApp kama video za kawaida. Inaviminya na ubora hauokoleki. Tumia waya, au utume kama faili.

Kuhusu kuzomewa sokoni. Watu wa gulioni si maadui wa sanaa. Mtu akiona simu imeelekezwa kwake huku anabeba gunia, anajua kuna atakayepata kitu kwenye picha hiyo na si yeye. Ana haki. Kwa hiyo siku mbili za kwanza nenda bila kupiga chochote. Msalimie mwenyekiti wa soko, kaa kwa mama lishe, nunua chai, eleza unatengeneza nini kwa maneno ambayo ungemwambia mama yako. Ukijua Kinyakyusa au Kisafwa, kitumie, hata kwa salamu tu. Eneo la kupigia liwe ukingoni mwa soko, si katikati, na anayebeba mzigo apishwe kabla ya kamera.

Kibali: ndiyo, unahitaji, hata kama ni simu na hata kama ni dakika 12. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 inataka kibali cha kutengeneza filamu na inataka filamu ikaguliwe kabla ya kuonyeshwa hadharani, na mwenye kazi hiyo ni Bodi ya Filamu Tanzania. Kwako mlango wa karibu ni afisa utamaduni wa halmashauri. Angalizo: Uyole ni Jiji la Mbeya, Isongole ni Wilaya ya Rungwe. Ni halmashauri mbili, na barua ya moja haikubebi kwenye nyingine. Peleka muswada, orodha ya maeneo na tarehe. Ukishapata, nenda na nakala kwa mtendaji wa kijiji na kwa uongozi wa soko, maana kule anayekusimamisha hajali Dodoma wamesema nini, anajali kama mtendaji anakufahamu. Vituo vya polisi na mizani za barabarani usivipige bila ruhusa yao wenyewe.

Malipo: hii ni filamu ya kuigiza, kwa hiyo anayeigiza alipwe. Kipimo cha haki ni kibarua cha siku. Kuli akisimama kwako saa nne amekosa magunia ya saa nne. Uliza analipwa ngapi kwa gunia na ufidie. Anayepita nyuma tu hahitaji pesa, anahitaji kuulizwa. Kama ungekuwa unafanya filamu ya ukweli, ningekushauri tofauti: fidia muda, kamwe usilipie simulizi ya machungu, kwa sababu ukishalipia machungu utaletewa machungu makubwa kuliko yaliyopo. Andika makubaliano ya ukurasa 1 kwa Kiswahili, uyasome kwa sauti mbele yake: filamu itaonyeshwa wapi, atapata nini, akibadili mawazo kabla ya kuhariri kuisha anaweza kutoka. Mtoto anayeigiza asainiwe na mzazi au mlezi, asikose shule, asibebeshwe gunia la kweli. Jaza pumba au majani makavu, weka safu moja ya viazi juu, kamera haijui.

Wahusika wako wengi hawajawahi kuigiza. Usiwape maneno ya kukariri, watayasoma kama risala. Wape kazi ya mikono na jambo wanalolitaka. Mwambie dalali: "Usiondoke bila madebe 9." Mwambie mama: "Simama kwenye 7." Kisha wanyamazie. Piga kwa mpangilio wa hadithi, kwa sababu rundo la viazi linapungua kila mkirudia, na ukichanganya, mtazamaji ataona rundo linakua lenyewe. Kila siku piga picha moja ya mavazi, hasa khanga ilivyofungwa.

Laki sita zako sasa. Ada ya kibali uliza kwa afisa utamaduni kabla ya kugawa chochote, uitoe kwenye akiba. Kwa watu 6 na siku 4 za kupiga ningegawa hivi: chakula 180,000, ambacho ni 7,500 kwa mtu kwa siku, nauli na kukodi bodaboda 120,000, fidia za waigizaji 120,000, maiki na manyoya 60,000, kadi na flashi 50,000, akiba 70,000. Chakula kimekuwa kikubwa na usikipunguze. Timu yenye njaa saa nane mchana kwenye baridi ya Uporoto haikusikilizi.

Je, itauza? Nitakuwa mkweli: filamu fupi peke yake mara nyingi hairudishi fedha, iwe ya shida au ya vichekesho. Inakupa jina na kazi inayofuata. Ukiiweka YouTube siku ya kwanza, wa nyumbani wataiona haraka, lakini baadhi ya matamasha hayapokei filamu ambayo tayari iko wazi mtandaoni. Kwa hiyo ianzie kwenye matamasha, mtandao ufuate baada ya mwaka. Tamasha la filamu la Zanzibar, ZIFF, liko hapa kwetu. FESPACO, tamasha la filamu za Kiafrika la Ouagadougou nchini Burkina Faso, hufanyika mwaka wa namba witiri, lilianza 1969. Kote huko utahitaji maandishi ya tafsiri kwa lugha ambayo tamasha lenyewe linaitaka, na usiyafanye kwa mashine bila mtu kuyapitia, maana "lumbesa" ikitafsiriwa "gunia" filamu yako yote imepotea. Na hili la wazungu tu: waliobeba magunia wanapenda kujiona kama walivyo. Wasichopenda ni kuonewa huruma. Onyesho la kwanza lifanye Isongole kwenyewe, projekta ya kukodi, shuka jeupe, spika moja nzuri, saa moja usiku, na uliombee kibali kama unavyoomba cha kupiga. Waigizaji waione kabla ya mgeni yeyote.

Yako mambo ya kutomaliza kwa kusoma. Ukiwa umehariri, kabla ya kutoa nakala ya mwisho, mtafute mtu mwenye spika kubwa mkae naye nusu siku kwenye sauti. Vispika vya masikioni vinaficha mvumo wa injini ambao ukumbini utatetemesha viti. Mtu akitaka kununua haki za filamu, au akikuletea mkataba wenye maneno "milele" na "duniani kote", usisaini palepale: mpelekee wakili, na kabla ya hapo isajili kazi yako Ofisi ya Hakimiliki, COSOTA. Ukitaka mafunzo ya ana kwa ana, TaSUBa, chuo cha sanaa cha Bagamoyo, wanafundisha sanaa hizi. Na ukiwa kule kijijini ukakuta mtoto anayeumizwa kweli, weka simu ya kamera chini, piga 116, namba ya msaada kwa watoto, na mtafute afisa ustawi wa jamii siku hiyohiyo. Jambo hilo halisubiri tukio limalizike, na halirekodiwi.

Wiki hii andika upya muswada ukianzia kwenye debe la 7. Siku ya gulio nenda Isongole na daftari, hesabu mwenyewe madebe ya magunia 10, na uandike dalali anasema nini kila mara mama anaposhika mdomo wa gunia. Maneno hayo yatakuwa bora kuliko yangu na yako.